Mkutano wa kijiji ni wa nani?

Sisi tunaoishi ughaibuni tuna tabia moja ambayo leo tunataka kuisema bila kuficha, kwa sababu inatuhusu wenyewe. Tukikutana, iwe harusini, msibani au kwenye futari, hatukosi la kusema juu ya Ikulu, Bunge na mawaziri. Kila mmoja wetu ni bingwa wa siasa za nchi. Lakini ni nadra sana kumsikia mtu akiuliza: kijijini kwetu mkutano mkuu uliitishwa lini mara ya mwisho? Nani alihudhuria? Nani alinyoosha mkono asipewe nafasi? Maswali hayo tunayaona madogo. Ukweli ni kwamba huko kwenye madogo ndiko mtu mnyonge anakotolewa nje ya serikali ya nchi yake mwenyewe, tena mchana kweupe, na bila askari yeyote kutumwa.

Tuanze na aibu yetu. Miaka michache iliyopita chama chetu cha watu wa nyumbani, sisi tunaotoka kata moja na kuishi Uingereza, tulichangishana fedha kumalizia jengo la zahanati ya kijiji. Kazi ilichukua karibu miaka miwili. Tulipika, tukauza vyakula, tukafanya hafla, wengine wakatoa mshahara wa wiki nzima. Wenzetu walipokwenda likizo walilikuta jengo limesimama, limepakwa rangi, na bati linang'aa. Walipigwa picha mlangoni. Katika picha mojawapo, nyuma kabisa, anaonekana mzee mmoja anayetembea kwa magongo tangu utoto wake. Amebebwa mgongoni na mjukuu wake, wanapanda ngazi. Ngazi zenyewe ni nne, na hakuna mteremko wa kupandia.

Wenzetu wakamuuliza mwenyekiti wa kijiji kwa nini haikuwekwa njia ya watu wenye ulemavu. Jibu lake lilitunyamazisha. Alisema: "Ndugu zangu, mchoro mlituma ninyi." Na ni kweli. Mchoro tulituma sisi, fedha tulituma sisi, na mazungumzo yote tulifanya kwa simu na watu wawili, mwenyekiti na mtendaji. Hatukuuliza hata mara moja kama mkutano wa kijiji umekaa kuuzungumza mradi huo. Laiti ungekaa, yule mzee angekuwapo, na huenda angesema neno moja tu kuhusu ngazi. Neno hilo lingetugharimu mifuko michache ya saruji. Sasa linamgharimu yeye heshima yake kila anapougua.

Ndugu msomaji, tunasimulia habari hii kwa sababu kwenye karatasi mambo yamepangwa vizuri kabisa. Katiba ya Tanzania, katika ibara ya 146, inasema wazi kwamba lengo la kuwapo serikali za mitaa ni kuwapelekea wananchi madaraka. Serikali hizo zilifutwa mwaka 1972 ulipokuja mpango wa Madaraka Mikoani, zikarudishwa kwa sheria za mwaka 1982. Kwa Sheria Namba 7 ya mwaka huo, mamlaka ya juu kabisa katika kijiji ni mkutano mkuu wa kijiji. Wajumbe wake ni wakazi wote waliofikisha miaka 18. Sheria haikusema wanaume, haikusema wenye nyumba zao, wala haikusema wanaoona, wanaosikia au wanaotembea. Imesema wakazi wote. Mkutano huo unatakiwa kukaa kila baada ya miezi mitatu, na hapo ndipo mapato na matumizi yanaposomwa. Halmashauri ya kijiji, yenye wajumbe 15 hadi 25, inatakiwa iwe na wanawake wasiopungua robo. Kwa upande wa watu wenye ulemavu, ipo Sheria Namba 9 ya mwaka 2010, inayowapa haki ya kushiriki katika mambo ya umma kama raia wengine.

Sasa tutoke kwenye karatasi twende chini ya mwembe. Tangazo la mkutano limebandikwa kwenye mti ulio mbele ya ofisi ya kijiji. Asiyeona hakulisoma, asiyejua kusoma hakulisoma, na anayeishi kitongoji cha mbali hakupita hapo. Mkutano umeitwa saa nne asubuhi, wakati akina mama wako shamba au kisimani. Wanaofika wanakuta mabenchi ya mbele yamejaa wanaume, basi wanatandika khanga zao chini, nyuma, pembeni. Kiziwi amekuja, lakini hakuna anayejua lugha ya alama, kwa hiyo anatazama midomo inavyocheza. Mama mmoja anasimama kuuliza fedha za mchango wa darasa zimekwenda wapi. Anaambiwa, "Mama, fupisha." Mwanamume anayemfuata anazungumza robo saa juu ya jambo ambalo halimo hata kwenye ajenda, na hakuna anayemwambia afupishe.

Mijini mambo yana sura nyingine lakini ni yale yale. Katika mkutano wa mtaa, anayetolewa nje mara nyingi ni mpangaji. Ameishi mtaani miaka minane, anatoa mchango wa ulinzi na wa taka, lakini akisimama kuhoji anaambiwa, "Wewe mpangaji tu, kesho utahama." Na msichana wa kazi za ndani, ambaye naye ni mkazi mwenye miaka 19 au 20, hakuna hata anayefikiri kwamba mkutano ule unamhusu.

Haya si mambo ya kuonea watu huruma tu. Katika mikutano hiyo kuna mali. Kubwa kuliko zote ni ardhi. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya mwaka 1999, inasema halmashauri ya kijiji haiwezi kumgawia mtu ardhi bila idhini ya mkutano mkuu wa kijiji. Baraza la ardhi la kijiji lina wajumbe saba, na watatu kati yao lazima wawe wanawake. Aliyetunga sheria hiyo alijua kwamba mjane asipokuwa na watu wa kumsemea ndani ya kikao, shamba la marehemu mumewe litapata mwenyewe mwingine kabla ya arobaini kwisha.

Hapo tena tujiangalie sisi. Ni wangapi kati yetu tumenunua ekari tano au kumi kijijini kwa simu? Tunampigia mwenyekiti, tunatuma fedha, tunatumiwa karatasi yenye muhuri, tunafurahi. Je, tumeuliza mkutano mkuu ulikaa lini kuliridhia jambo hilo? Tumeuliza eneo hilo lilikuwa likitumiwa na nani? Pengine palikuwa malisho ya wafugaji, ambao katika vijiji vingi vya wakulima huitwa wageni hata kama wamezaliwa hapo. Pengine pana mama aliyekuwa akilima mihogo miaka ishirini, na siku ya kikao hakuitwa. Mnunuzi wa aina hiyo hawezi kusema yeye hakumwonea mtu. Kuonea kumefanyika kwa niaba yake.

Kinyume chake pia tunacho, na tukiseme. Wahadzabe wa bonde la Ziwa Eyasi, watu wachache wanaoishi kwa kuwinda na kukusanya matunda, asali na mizizi, walikuwa wakisukumwa na wakulima na wafugaji mwaka hadi mwaka. Mwaka 2011 walipata hati ya haki miliki ya kimila kwa ajili ya sehemu ya ardhi yao, si kwa jina la mtu mmoja mmoja bali kwa jamii nzima. Njia waliyopita ni ile ile ya sheria ya ardhi ya vijiji. Maana yake ni kwamba sheria ikishikwa na watu wanaoijua, na watu wa kuwasaidia wakapatikana, inaweza kumlinda hata aliye mdogo kuliko wote.

Tuje kwenye uongozi wenyewe. Tanzania Bara ina vijiji zaidi ya 12,300. Baada ya uchaguzi wa serikali za mitaa wa mwaka 2019, wanawake waliokuwa wenyeviti wa vijiji walikuwa asilimia 2.1. Kati ya vijiji mia, viwili tu! Na hii ni nchi ambayo tangu Machi 2021 inaongozwa na Rais mwanamke. Tunasema hivi bila kejeli. Inaonyesha kwamba mwanamke anaweza kufika Ikulu huku njia ya kwenda ofisi ya kijiji ikiwa bado ina miiba. Viti vile vya robo kwenye halmashauri ya kijiji, na viti maalum vya madiwani huko juu, vimewaingiza wanawake ndani ya chumba, na hilo ni jema. Lakini anayeongoza kikao, anayepanga ajenda na kushika muhuri ni mwenyekiti. Kiti cha pembeni si kiti cha mbele.

Isitoshe, kuna vizuizi vilivyowekwa mlangoni kabisa. Ili ugombee uongozi wa kijiji au mtaa lazima udhaminiwe na chama cha siasa, kwa kuwa mgombea binafsi haruhusiwi. Lazima pia ujue kusoma na kuandika Kiswahili au Kiingereza. Tuwafikirie akina bibi ambao walinyimwa shule walipokuwa wadogo, wakalea kijiji kizima, na wanajua kila mpaka wa shamba na kila ugomvi ulivyoanza. Hao hawaruhusiwi hata kuomba. Mwaka 2019 wagombea wengi wa upinzani walienguliwa kabla ya siku ya kura, na chama chao kikubwa kikajitoa. Katika uchaguzi wa tarehe 27 Novemba 2024 malalamiko ya kuenguliwa yalisikika tena, na chama tawala kikachukua vijiji zaidi ya asilimia 99. Kila mtu ana chama chake na hatuko hapa kupigia debe yeyote. Tunachosema ni kwamba mwenyekiti asiye na mpinzani hana sababu ya kumwogopa mama anayeuliza fedha za darasa. Mnyonge hupata sauti pale viongozi wanapohitaji kura yake.

Kwa upande wa Zanzibar hata mlango huo mwembamba haupo, maana sheha hachaguliwi na wakazi wa shehia, huteuliwa. Naye ndiye anayemtambua mtu kuwa mkazi au si mkazi. Mtu maskini asiyejuana na sheha anajua uzito wa jambo hilo kuliko sisi tunaoandika.

Wenzetu wa Kenya wameandika mambo mazuri katika katiba yao ya mwaka 2010. Mabaraza ya kaunti zote 47 yana nafasi za wawakilishi wa makundi yaliyoachwa nyuma, wakiwamo watu wenye ulemavu na vijana, na jinsia moja haitakiwi kuzidi theluthi mbili. Hata hivyo majina ya nafasi hizo hutoka kwenye orodha za vyama, na yule anayeingia hujua nani amemuingiza. Kenya pia imetufundisha somo jingine, kwamba kabla ya mtu kusikilizwa sharti ahesabiwe. Wamakonde wa Kwale waliishi nchini humo kwa vizazi bila vitambulisho. Bila kitambulisho hakuna kura, hakuna mgao wa karo kwa mtoto, hakuna neno barazani. Mwezi Oktoba 2016 walitembea kwa miguu kutoka Kwale kuelekea Nairobi kudai uraia wao, na wakaupata. Mwaka 2023 ikafika zamu ya Wapemba wa pwani ya Kenya. Hakuna aliyewapelekea haki yao nyumbani. Waliifuata.

Na kwa wale wanaodhani kwamba haya ni mawazo ya Wazungu, twende India. Kwa marekebisho ya 73 ya katiba yao, yaliyoanza kutumika mwaka 1993, theluthi moja ya viti vya mabaraza ya vijiji ilitengwa kwa wanawake. Hawakuishia kwenye viti vya ujumbe. Walitenga pia theluthi ya nafasi za wenyeviti, na nafasi hizo huhama kutoka kijiji kimoja kwenda kingine. Watafiti waliochunguza jimbo la West Bengal waliona kwamba pale mwanamke alipokuwa mwenyekiti, fedha nyingi zaidi zilikwenda kwenye maji ya kunywa, yaani lile jambo ambalo wanawake walikuwa wakililalamikia siku zote. Hii ndiyo tofauti kati ya kiti na kiti. Kwa nini Tanzania isijaribu hivyo, kwa wanawake na kwa watu wenye ulemavu, hata kwa kuanza na sehemu ya vijiji tu?

Tunajua majibu tutakayopewa. Wapo watakaosema wanawake wenyewe hawataki uongozi, na kwamba wanaogombana zaidi ni wao kwa wao. Sisi tunauliza, ni nani atataka kazi ambayo akiigombea anaitwa malaya, akishinda anaitwa jeuri, na akirudi nyumbani jioni anakuta kuni hazijakatwa wala maji hayajachotwa? Mpunguzieni mzigo kwanza, halafu ndipo mumuulize kama anataka.

Wapo watakaosema watu wenye ulemavu ni wachache, haifai kubadili kila kitu kwa ajili yao. Sensa ya mwaka 2022 ilionyesha kwamba kati ya watu wa umri wa miaka 7 na kuendelea, zaidi ya mmoja katika kila kumi ana ulemavu wa aina fulani. Katika mkutano wa watu mia mbili hao ni zaidi ya ishirini. Ukiwaona wawili tu, basi wengine wamebaki nyumbani, na swali la kujiuliza ni kwa nini.

Wapo pia watakaosema serikali imeshawasaidia kwa mikopo. Ni kweli, na tunaisifu. Halmashauri zinatakiwa kutenga asilimia 10 ya mapato yao ya ndani kwa mikopo isiyo na riba, yaani 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana na 2 kwa watu wenye ulemavu. Lakini mwaka 2023 mikopo hiyo ilibidi isimamishwe baada ya ukaguzi kuonyesha fedha nyingi hazirejeshwi na vikundi vingine havipo. Ikarudishwa mwaka 2024 kwa utaratibu mpya. Kikundi hewa hupatikana wapi? Hupatikana pale ambapo majina hupitishwa na watu watatu ofisini, badala ya kusomwa mbele ya mkutano ambako kila mtu anajua nani ni nani. Msaada usiopitia kwenye sauti ya wahusika huishia mikononi mwa wajanja.

Halafu kuna jambo la kushangaza kuhusu sisi tulio Uingereza. Raia wa nchi za Jumuiya ya Madola wanaoishi hapa kihalali, wakiwamo Watanzania, Wakenya na Waganda, wanaruhusiwa kupiga kura katika uchaguzi wa mabaraza ya miji yao, na hata kugombea. Huhitaji pasipoti ya hapa. Ni wangapi kati yetu tumejiandikisha? Tunalalamika nyumba za baraza hazitengenezwi, watoto wetu hawapati nafasi katika shule nzuri, vituo vya vijana vinafungwa. Diwani wa eneo letu anazijua nyumba zinazopiga kura, na yetu haimo. Wenzetu walio Oman, Dubai na Doha hawana bahati hiyo, nao wanaijua vizuri ladha ya kuishi mahali unapojenga lakini huulizwi neno. Sisi tulionjeshwa hali hiyo ugenini tungepaswa kuwa wa kwanza kumwelewa mpangaji, mfugaji na mama wa khanga ya nyuma.

Basi tufanye nini? Tunapendekeza mambo ambayo hayahitaji kusubiri Bunge.

Kwanza, chama chochote cha watu wa nyumbani kisitume hata shilingi moja ya mradi kabla ya kupokea muhtasari wa mkutano mkuu wa kijiji uliouzungumza mradi huo. Muhtasari uonyeshe waliohudhuria wangapi, wanawake wangapi, watu wenye ulemavu wangapi, na walisema nini. Mwenyekiti atanuna mwanzoni. Baadaye atazoea, na atagundua kwamba mradi uliokubaliwa na wengi hauibiwi saruji usiku.

Pili, tugharamie vitu vidogo vinavyofungua mlango. Mtu wa kupita na kipaza sauti vitongojini siku mbili kabla ya mkutano. Mkalimani wa lugha ya alama. Nauli ya bodaboda kwa asiyeweza kutembea. Saa ya mkutano inayowafaa akina mama, nayo waulizwe wao. Yote haya kwa mwaka hayafikii gharama ya hafla yetu moja ya Desemba.

Tatu, anayenunua ardhi kijijini asinunue kwa simu. Adai kuona uamuzi wa mkutano mkuu, na amtume mtu asiye ndugu wa mwenyekiti akawaulize majirani wa shamba.

Nne, tuanze ndani ya vyama vyetu wenyewe. Katika kamati yetu ya watu tisa, wanawake walikuwa wawili, mmoja mhazini na mwingine wa chakula. Mtu mwenye ulemavu hakuwapo. Kama angekuwapo, mchoro ule ungerudi mezani siku ile ile. Mwaka huu tumebadilisha, na vikao vimekuwa virefu kidogo, lakini hatujajuta.

Zahanati yetu sasa ina mteremko. Tulichanga tena, safari hii baada ya mkutano wa kijiji kukaa na kuamua, na fundi akatengeneza kwa siku nne. Waliosimamia kazi ni kamati ya watu watano iliyochaguliwa hapo hapo mkutanoni, na mmoja wao ni yule mzee wa magongo. Tulimpigia simu kumpongeza. Alitushukuru kwa adabu, kama wazee wanavyoshukuru, kisha akasema jambo ambalo tungependa kila chama cha nyumbani kilisikie: "Mteremko ni mzuri, wanangu. Lakini choo bado kina ngazi. Safari ijayo mtuulize mapema."